Kipa wa Kilwa Katika Goli la Kashikishi

Nilitundika glavu miezi minne iliyopita, na mke wangu tayari amechoka kuniona nyumbani siku za Jumamosi. Anasema ikifika saa nane mchana natoka uani na kuanza kutazama upepo unakoelekea, wakati sina goli la kulinda wala kuku wa kufukuza. Ni kweli. Miaka ishirini na moja nimesimama golini kwa timu ya Kashikishi, huku Zambia, kwenye ufuko wa ziwa Mweru, na mimi ni mtu wa Kilwa, ng'ambo ya pili, upande wa Kongo. Mazoea hayafi kwa siku moja.

Ninyi makipa vijana wa Kashikishi na wa kambi ya wakimbizi ya Mantapala mmeniomba niandike niliyojifunza, kwa sababu mnasema nikianza kusimulia kwa mdomo naruka huku na huku. Haya basi, nimekaa. Habari za vikombe sitawaandikia. Tulishinda kimoja tu, nacho kina mpini mmoja. Mshahara wa mpira sikuwahi kuuona, kwa hiyo hapo pia hamna hadithi.

Nilivuka nikiwa na miaka ishirini. Nilikuja na mama mdogo wangu, yeye akiwa na mabalo yake, marobota ya vitenge, mimi nikiwa mbebaji. Tulikaa Kashikishi tukingoja mtumbwi wa kurudi, na siku ya tatu nikaenda kutazama mpira kwenye uwanja wa mchanga ulio karibu na soko la samaki. Kipa wao alikuwa bado ziwani na nyavu zake, na saa ya kuanza ilikuwa imepita. Nikasema kwa Kiswahili, lugha ambayo pale watu huitumia wakiuza na kununua tu, kwamba mimi hukaa golini kwetu Kilwa. Wakacheka, halafu wakanipa jezi. Nilicheza na suruali ndefu.

Mpira wa kwanza kuugusa ulikuwa wa kuanzisha kutoka golini. Niliupiga kwa nguvu zangu zote kuelekea juu, ili nionekane. Mchana pale upepo hutoka ziwani, na mimi nilikuwa nimeukabili. Mpira ulipanda, ukasimama, ukafikiri kidogo, ukarudi ukanipita kichwani na kutoka nyuma ya goli langu mwenyewe. Ikawa kona. Kutokana na kona ile wakatufunga. Kwa hiyo nikiwaambia mtazame upepo kabla ya kutazama wapinzani, msidhani nimeyasoma kitabuni.

Tulifungwa manne. Baada ya mechi alinijia mzee mmoja mfupi, mabega mapana, vidole vya mkono wa kushoto vimepinda kila kimoja na upande wake. Alikuwa Ba Chola, Ba kwa heshima ya Kibemba, kipa wa zamani wa timu ile, fundi wa kushona nyavu za wavuvi. Ujana wake aliwahi kuuza nyavu Kilwa, kwa hiyo Kiswahili chetu alikijua vizuri. Alinitazama mikono, akaigeuza, akaniuliza kama najua kushona wavu. Nikasema najua kidogo. Akasema kesho nije. Mama mdogo alirudi Kilwa na mbebaji mwingine.

Kwa Ba Chola nilijifunza kazi mbili kwa wakati mmoja. Asubuhi tulikaa chini ya paa la mabati, sindano za mti mikononi, tukiziba matundu ya nyavu za watu. Saa kumi tulienda uwanjani akanirushia mpira. Aliamini kwamba ni kazi moja. Alisema mtu anayeshona wavu hujifunza kutulia mahali pamoja huku mikono ikienda mbio, na kipa hahitaji kitu kingine. Alinifundisha maneno manne ya Kibemba ya kuwapigia kelele mabeki: leka, yaani acha mpira; bwela, rudi; kukulyo, kulia; kukuso, kushoto. Alisema mengine nitajifunza nikioa, na ndivyo ilivyokuwa.

Glavu zangu za kwanza zilikuwa za kulimia bustani. Tulizipata kwenye salaula, yale mabunda ya nguo za mitumba, nikabandika viganjani vipande vya mpira wa ndani wa baiskeli. Zilishika vizuri hadi ziloane, kisha zikawa sabuni. Dawa yake ilikuwa jivu. Mistari ya uwanja wetu huchorwa kwa jivu la kuni za kukaushia samaki, nami nilikuwa nikipaka viganja pale mstarini kabla ya kila kona. Nimewahi kupata glavu za dukani baadaye, nzuri, zenye maandishi. Bado nilipaka jivu.

Nanyi jifunzeni kuanguka kabla hamjajifunza kuruka. Uangukie ubavu, kiwiko kikiwa mbali na mbavu, mpira ukutangulie chini. Usitazame mguu wa mpigaji, mguu ni mwongo; tazama nyonga. Ubwali, ugali wa huku, usile mkubwa kabla ya mechi, hata kama wakwe wamekuja. Na pia, kipa asiyesema na mabeki wake ni mtazamaji aliyepewa nafasi nzuri.

Sasa habari ya wavu, maana ndiyo inayonifanya niandike. Wavu wetu wa goli tuliushona wenyewe, mimi na Ba Chola, kutoka kwa nyavu kuukuu za kuvulia. Uwanja wetu umepakana na mahali ambapo akina mama huanika chisense, wale dagaa wadogo wa Mweru. Ndege ni wengi, na akina mama hawana cha kufunikia. Kwa hiyo ilikuwepo desturi, ya zamani kuliko mimi: katikati ya wiki wavu wa goli ulikuwa wa akina mama, wanafunikia chisense, Jumamosi ulikuwa wetu. Mkubwa wao alikuwa Bana Chileshe, ndiyo kusema Mama Chileshe, mnene mwenye sauti ya upole, mjane, aliyesomesha watoto watano kwa mchanga ule. Wao walitupa dagaa wa kitoweo, sisi tuliwapa wavu, na wapinzani kutoka Mansa walilalamika kwamba goli letu linanuka.

Wavu unaonuka samaki hupendwa na panya. Ndiyo maana Ba Chola aliniwekea sheria moja juu ya zote. Asubuhi ya mechi, kipa mwenyewe anauchukua wavu kwa akina mama, anautandaza, anapitisha kiganja tundu kwa tundu, kutoka kona hadi kona. Panapopita vidole vitatu, anashona. Kisha anautundika kwa mkono wake. Si beki, si mfuasi wa timu. Macho hayatoshi, alisema, kwa sababu wavu ukining'inia hujifunika wenyewe. Nilifanya hivyo kila Jumamosi kwa miaka mitano, na wengine walinicheka kwamba nauombea.

Kulikuwa na mtu mmoja ambaye hakunicheka wala kunisifu. Huyu alikuwa Ba Musonda, mwenyekiti wa timu, mfanyabiashara wa samaki, mrefu, mkavu, mwenye kofia ya majani aliyoivaa hata kwenye kivuli. Hakuwa mtu mbaya, nawaomba mlielewe hilo. Alikuwa mtu wa kungoja. Mwaka wangu wa kwanza, baada ya mechi niliyodaka penalti mbili na watu wakanibeba, alisema mbele ya wote, kwa Kiswahili, ili nisikose kuelewa:

"Huyu Mukongo anaweza kuchunga goli juu ya batu bote. Siku Kilwa itakuja, njo tutamujua."

Yaani mbele ya wengine wote nitadaka, lakini siku ya Kilwa ndipo watanijua ni wa nani. Neno lile lilinikaa. Nilioa msichana wa Nchelenge, nikajenga, nikazaa, nikajifunza Kibemba hadi nikaota kwa Kibemba, na neno lile lilikuwepo tu. Watu walinipenda, lakini walinipenda kwa masharti. Tukishinda niliitwa kwa jina langu, Ngoy wetu. Tukishindwa nilikuwa Mkongo. Na kila mtu, nikiwemo mimi, alikuwa anasubiri mitumbwi ya Kilwa ilete timu.

Ilikuja mwaka wa tano, mwezi wa saba, wakati wa baridi na upepo. Timu ya Kilwa ilialikwa kwa mechi ya ujirani, na tulikubaliana kwamba baadaye sisi tutavuka kwao kwa marudiano. Mshambuliaji wao alikuwa Ilunga, mtoto wa mjomba wangu, tuliyelala naye kitanda kimoja utotoni. Wiki nzima sokoni sikusikia kitu kingine. Nilishona nyavu nikiwa nimeinamisha kichwa. Nilitaka kudaka kila kitu siku ile, hata ndege.

Ijumaa nikapata habari kwamba katika mitumbwi ile atakuja mama yangu. Sikuwa nimemwona miaka mitatu. Mitumbwi ilitegemewa Jumamosi saa mbili asubuhi, nami nikapanga niende bandarini, nimpokee, nimpeleke kwa mke wangu, saa nne niwe kwa Bana Chileshe kuchukua wavu. Upepo ulipanga vingine. Saa nne hakuna mtumbwi, saa tano hakuna. Ningeweza kuondoka. Mama anajua kutembea, na Kashikishi si mji wa kumpoteza mtu. Nilibaki. Nikawatuma mabeki wawili wakauchukue wavu, wautundike. Saa saba mitumbwi ikatokea, mama akashuka amelowa hadi magotini, nikambebea mzigo wake nikicheka kama mtoto. Nilifika uwanjani mwamuzi akiwa ameshika filimbi. Wavu ulikuwa umening'inia vizuri. Niliutazama. Sikuugusa.

Tulicheza vizuri, wallahi tulicheza vizuri, na mimi nilidaka mipira mitatu ya Ilunga ambayo hata yeye aliipigia makofi. Zikabaki dakika chache, hakuna aliyefunga. Ilunga akapata mpira upande wa kushoto kwangu, akapiga chini, kwa nguvu. Niliuona unapita nje ya nguzo, hatua nzima. Nikauacha. Kisha nikasikia kelele, nikageuka, na mpira ulikuwa umetulia ndani ya goli langu.

Ulikuwa umepita ubavuni mwa wavu, chini kabisa, mahali ambapo panya walikuwa wamefungua mlango. Mwamuzi alikuwa mbali, akaja mbio, akauona mpira ndani, akaelekeza kidole katikati ya uwanja. Nilimshika mkono, nikamwonyesha. Wavu ulikuwa umejifunika tena na yeye hakutaka kujifunza ushonaji saa ile. Akina mama wa chisense waliokaa nyuma ya goli walishuhudia kwamba mpira ulipita nje, wakasema, hakuna aliyewasikiliza. Moja kwa bila. Ilunga alinijia mwishoni akaniuliza kwa unyenyekevu mpira ulipita wapi, kwa sababu yeye mwenyewe alikuwa ameshageuka kushika kichwa.

Jumapili baada ya kanisa tuliitwa kikao kwenye kibanda cha soko. Timu nzima ilikuwepo, na Bana Chileshe na wenzake walikuwa wamesimamishwa nje, wakisikiliza. Habari ya shimo ilikuwa imeenea mji mzima, na watu wa Kashikishi walikuwa na maelezo mawili tu. La kwanza, Ngoy aliwaachia ndugu zake mlango. La pili, wavu umeharibiwa na akina mama, basi waondolewe pale mchangani wakaanike kwingine. Kwingine hakukuwepo. Kila mtu alijua mchanga wote mwingine wa karibu na soko una wenyewe.

Ba Musonda alizungumza kwa Kibemba, taratibu, akionekana mtu anayetaka kutenda haki. Alisema kipa wetu ana sifa ya kukagua wavu kila mechi, kwa mkono, sote tumemwona. Kama aliukagua ukawa mzima, basi umeharibiwa baadaye na waliokuwa wameketi nyuma ya goli, na wavu hautarudi kwao, wala mchanga. Naona alikuwa ananipa mlango wa kutokea. Labda alikuwa pia ananitegea, sijawahi kumwuliza. Nilichohitajika kusema ni neno moja.

Ba Chola hakungoja nifikiri sana. Aliniuliza kwa Kiswahili, kana kwamba tuko wawili tu kwenye kazi:

"Ngoy. Mukono yako ilipita mu wavu?"

Nilimwona Bana Chileshe kwa pembe ya jicho. Hakunitazama. Alikuwa ameangalia chini, ameshika ncha ya kitenge chake, anangoja kama watu wanavyongoja matokeo ya hospitali. Niliogopa, siwafichi. Niliona nyumba yangu, mke wangu, miaka mitano, vyote vikielea.

"Hapana, papa," nikasema. "Haikupita. Nilikuwa kule ku bandari, ku bwato, nilingojea mama."

Watu waliguna. Ba Musonda alivua kofia, kitu ambacho hakuwa akikifanya. "Njo vile," akasema. "Bandugu yake balimwita, naye akaenda."

Kilichoniuma ni kwamba alikuwa na haki. Sikuuza mechi. Sikumwachia Ilunga chochote. Lakini siku ya Kilwa, siku ile ile waliyoingoja, niliiacha kazi yangu kwa ajili ya watu wa kwetu, na hilo hakuna shahidi angeweza kulifuta. Nilisema hivyo mbele yao. Nilisema shimo ni la kwangu, si la akina mama. Wakaniweka benchi msimu mzima. Akina mama wakabaki na mchanga wao.

Mama yangu alikaa nasi wiki mbili. Nilimficha habari hiyo siku tatu, halafu mke wangu akamwambia. Mama alinitafuta nyuma ya nyumba nilipokuwa nashona.

"Ungeniambia kama kazi iko inakungojea," akasema, "ningekuja miye peke. Minajua kuuliza njia."

Kisha akakaa karibu nami, akachukua sindano nyingine, akaanza kushona upande wa pili.

Msimu wa benchi ulinifundisha zaidi ya misimu mingine, na siwatakii. Nilibeba maji. Nilichora mistari. Na kila Jumamosi asubuhi nilikwenda kwa Bana Chileshe, nikauchukua wavu, nikaupitisha mkononi tundu kwa tundu, ili mwingine akae mbele yake. Nilipofika nilikuta sahani ya chisense imefunikwa, ya kwangu. Pia alikuwa ameanza kuutundika wavu juu ya kamba kila usiku wa Ijumaa, mbali na panya. Miaka mitano mimi na Ba Chola, mafundi wawili wazima, hatukuwahi kufikiria kamba.

Nilirudi golini kwa njia isiyo ya heshima. Kipa aliyechukua nafasi yangu alikuwa mrefu na hodari, lakini aliuogopa mpira wa mvua, na katika nchi yetu mvua ina miezi mitano. Walinirudisha bila kikao. Ba Musonda alinitupia jezi tu, akasema mechi ni saa tisa.

Tangu hapo nilicheza kwa miaka mingi, mingine mizuri. Timu za Mansa zilikuja na viatu vizuri zikaondoka na mchanga. Ba Chola alizeeka, akawa anakuja mazoezini na kigoda. Alifariki kwa uzee wake, nyumbani, watu wakiwa wamemzunguka, na tulimzika na sindano yake ya mti. Nililia kuliko watoto wake, nao hawakunishangaa. Neno lake la mwisho kwangu lilikuwa kwamba nafungua miguu sana kwenye mpira wa chini. Nimejaribu kurekebisha.

Kisha ilifunguliwa kambi ya Mantapala, na Kiswahili kikawa kingi ghafla barabarani. Nilikwenda siku moja kucheza mechi na timu yao. Uwanja ulikuwa mpya, visiki bado vinachungulia. Watu waliotoka Kongo na mabegi mawili walikuwa wameshapata mpira kabla ya kupata milango. Nilianza kwenda kila Jumatano kuwafundisha makipa. Bora kuliko wote alikuwa mama wa watoto watatu, wa timu ya wanawake, aliyezuia mipira kwa kifua kwa sababu alisema mikono anaihitaji shambani. Tulibishana mwaka mzima. Sasa anatumia mikono, ila siku akikasirika anarudia kifua. Kule hakuna aliyeniita Mkongo. Waliniita Muzambia, na mimi nikacheka hadi nikakaa chini.

Marudiano na Kilwa hayakufanyika. Mara mpaka ulifungwa kwa ugonjwa, mara mambo hayakuwa shwari upande wa kwetu, mara hapakuwa na mafuta ya injini. Miaka ilipita, ile ahadi ikabaki. Na kila mara tulipofungwa goli la ajabu, nilikuwa naona watu wananitazama mara moja, haraka, kisha wanatazama pengine.

Hatimaye, mwaka huu, ruhusa ikapatikana. Nilikuwa nimeshatangaza kwamba naacha, na wengi walidhani kipa kijana wa akiba ndiye atakayevuka. Orodha iliposomwa, jina langu lilikuwa la kwanza. Ba Musonda, ambaye sasa anatembea kwa fimbo, alikuwa ameiandika mwenyewe. Sikulala vizuri wiki ile. Mke wangu aliniambia nikidaka watasema nimewasaliti mama na mjomba, na nisipodaka watasema ni yale yale, kwa hiyo nichukue koti maana ziwani kuna baridi.

Tulifika Kilwa asubuhi. Mama alikuwa ufukoni, ameketi kwenye kiti cha plastiki. Nilimsalimia kwa magoti, nikamwambia wavu wa hapa sijaushika. Akanifukuza niende nikaushike. Ulikuwa wavu wa dukani, mzima kabisa. Niliupitishia kiganja wote, watu wa kwetu wakinitazama na kunong'ona, kisha nikasimama mbele yake.

Mechi ilikuwa ya wazee na vijana, Ilunga naye amenenepa, lakini mguu wake haukuwa umezeeka. Hadi dakika tano za mwisho hapakuwa na goli. Ndipo beki wetu Mulenga, kijana mwenye nguvu kuliko akili, akamwangusha mtu ndani ya boksi. Penalti. Ilunga akachukua mpira.

Namjua Ilunga tangu tulipokuwa tunapiga mpira wa matambara. Hupiga kulia kwangu, chini, kila mara, hajui kwingine. Nilipaka jivu mikononi, nikatazama nyonga yake, nikaruka kulia. Akapiga kulia. Niliugusa kwa vidole viwili, vizuri kabisa, na ukaingia. Kilwa nzima ilikimbilia uwanjani. Nilibaki chini nimelala, uso kwenye mchanga wa kwetu, nikijua nimefungwa na yule yule, mbele ya wale wale, na kwamba hii ndiyo picha watakayobaki nayo.

Tuliondoka saa tisa. Mtumbwi ulikuwa umejaa, injini inanguruma, na mimi nilikaa mbele karibu na dumu la maji, nimewageuzia mgongo. Ba Musonda ana desturi: tukifungwa, hutaja makosa ya kila mtu njiani, mmoja mmoja, kwa sauti ya kusikika na wote, na hakuna anayeruhusiwa kujibu. Akaanza. Alianza na Mulenga, akakaa kwa Mulenga muda mrefu. Akaja kwa washambuliaji, waliokosa mara mbili. Akaja kwa kiungo aliyekula ndizi kipindi cha pili. Akamtaja mwamuzi, akautaja uwanja wa Kilwa kwamba umeinama, akautaja upepo, akataja fundi wa injini aliyetuchelewesha asubuhi. Nilishika ukingo wa mtumbwi kwa mikono miwili, nikingoja jina langu. Kila alipovuta pumzi nilijua sasa linakuja.

Halikuja. Alifika mwisho wa orodha, akanyamaza. Nilikuwa nimefungwa penalti na ndugu yangu, Kilwa, mbele ya mama yangu, na kwa Ba Musonda hilo lilikuwa jambo la kawaida linaloweza kumpata kipa. Nilitazama maji. Machozi yalinitoka, mtu mzima wa miaka arobaini na moja, na nikashukuru kwamba ziwani kila mtu ana uso uliolowa.

Akagonga fimbo yake kwenye mbao za mtumbwi, akaomba maji. Nilimjazia kikombe, nikakipitisha nyuma. Akanywa, akapangusa mdomo, akakirudisha, akaanza tena na Mulenga.